Tulivyocheza Msako

Mgomba mbichi ukikatwa hutoa harufu ya majimaji, nusu tamu, nusu kama chuma kilicholala nje kwenye mvua. Mwezi uliopita mama anayeniuzia ndizi sokoni alikuwa anachana uti wa jani la mgomba ili anifungie mzigo wangu, harufu ile ikanipanda puani, nami nikabaki nimesimama nikimtazama mikono. Aliniuliza mara mbili kama naumwa. Nikasema hapana, nikaondoka haraka, vitunguu vyangu nikaviacha juu ya meza yake.

Kwetu Biryogo, mtaa wa mji wa Kigali, bunduki zote za mchezo wetu zilinuka hivyo. Unachukua uti wa jani wenye urefu wa mkono wa mtu mzima, unauchanja upande wa juu kipande baada ya kipande, halafu unavisimamisha vile vipande kama meno. Ukipitisha kiganja juu yake kwa kasi, vinalala vyote kwa mlio mmoja mrefu, ta-ta-ta-ta-ta, na aliye mbele yako hana budi kuanguka. Utomvu wake ukiingia kwenye nguo hautoki tena. Mama yangu aliwajua wapiganaji wa mtaa mzima kwa madoa ya kahawia vifuani, na wa kwanza wao alikuwa mimi, msichana pekee aliyeruhusiwa kushika bunduki.

Nilikuwa na miaka tisa. Baba alikuwa fundi cherehani, mashine yake ikikaa kibarazani, na mimi nilikua chini ya meza ile kati ya vipande vya vitambaa. Mwaka huo, tisini, mwezi wa Oktoba, vita viliingia kutoka mpaka wa kaskazini, upande wa Uganda. Kwetu watoto vita vilikuwa jambo la redio, mpaka usiku mmoja risasi zikalia mjini na sote tukalala sakafuni. Kulipokucha tuliambiwa hakuna shule na kwamba giza likiingia asionekane mtu nje. Kisha askari wakaanza kupita nyumba kwa nyumba.

Walikuwa wanatafuta ibyitso. Neno hilo la Kinyarwanda maana yake washirika wa adui, na kabla ya mwezi ule sikuwa nimelisikia. Baada ya wiki moja hata watoto wanaojifunza kusema walikuwa nalo mdomoni. Kwetu waligeuza magodoro, wakachoma gunia la maharage kwa kisu, wakatazama mpaka ndani ya sufuria. Mmoja wao alibaki kibarazani na kumwomba baba amshonee kifungo cha koti lililokuwa linaning'inia. Baba akashona, huku wenzake wakimwaga nguo zetu sakafuni. Kazi ilipokwisha askari akasema, "Asante, fundi," na wakaenda kwa jirani.

Kesho yake tukaanza kucheza msako.

Kamanda wetu alikuwa Sudi, mwenye miaka kumi na mmoja, mtoto wa mwenye mgahawa wa chai uliokuwa pembeni ya njia yetu. Sudi alijua kuvimbisha kifua na kuongea puani kama ofisa. Wengine tulikuwa askari wake. Shida ilikuwa kumpata icyitso, yule mshirika mmoja wa adui, maana hakuna aliyetaka. Tulipiga kura kwa vijiti, lakini kwa namna nisiyoikumbuka vizuri, au nisiyopenda kuikumbuka, kijiti kifupi kilimwangukia Zuhura karibu kila siku.

Zuhura alikuwa rafiki yangu. Nyumba yao ilikuwa ya tatu kutoka kwetu, na tulikuwa wa umri mmoja, ila yeye alikuwa mwembamba, mpole, mwepesi wa kutoa machozi. Baba yake alikuwa dereva wa lori la masafa, akipita Uganda mpaka Mombasa, na akirudi aliletea nyumba yake vitu ambavyo sisi tuliviona madukani tu. Safari ya mwezi ule alikuwa amemletea Zuhura ndala za plastiki za rangi ya waridi, zinazonukia kama peremende. Nilizivaa mara moja, siku ya Ijumaa. Nilipoziomba tena, Zuhura alisema, bila ubaya wowote, "Hapana Hadija, utazipasua. Miguu yako iko mipana."

Watoto wengine walicheka. Nami nikacheka, ili isionekane. Lakini nilikwenda nyumbani nikakaa chini ya meza ya cherehani nikiangalia miguu yangu.

Msako wetu mwanzoni ulikuwa wa kuchekesha kweli. Tulikamata vijiko tukaviita visu. Ugoro wa bibi mmoja tuliuita baruti, akatutoa mbio na ufagio. Mateka tulimfunga mikono kwa vipande vya vitambaa vya baba, nami ndiye niliyevileta, nikichagua rangi. Akina mama walitutazama wakitikisa vichwa, lakini hawakutukataza. Nadhani waliona afadhali tucheze kuliko tuulize maswali.

Siku ninayotaka kuwaambia ilikuwa asubuhi. Baba yake Zuhura alikuwa amerudi safari siku tatu nyuma na alikuwa msikitini. Mama yake alikuwa sokoni. Tulikuja watoto sita, bunduki zimejaa utomvu, Sudi akagonga mlango kwa mguu.

"Fungua! Msako!"

Zuhura alifungua huku akicheka. "Karibuni, lakini msichafue, mama amepiga deki kabla ya kwenda sokoni."

"Hapa iko silaha?"

"Hakuna, afande."

"Iko adui?"

"Hakuna, afande, iko maharage tu."

Tukaingia. Wenzangu walianza na jikoni. Mimi nilikwenda moja kwa moja chumba cha wazazi, kwa sababu nilijua kitu ambacho wao hawakukijua. Wiki kadhaa kabla, Zuhura alikuwa amenivuta mkono mpaka chini ya kitanda kile na kufungua kopo la biskuti. Mlikuwa na pete, vyeti, na picha ya kijana mwenye koti la vifungo vinavyong'aa na kofia ya kaki. Kwapani alibana kitu cha kung'aa, kama faneli ya kumiminia mafuta ya taa.

"Mjomba wangu," alininong'oneza. "Yuko Mbarara. Anapuliza tarumbeta kwenye bendi ya shule. Mama anasema tusimwonyeshe mtu."

Babu na bibi yake wa upande wa mama walikimbilia Uganda miaka ya sitini, wakamwacha mama yake Zuhura, akiwa mtoto mchanga, mikononi mwa shangazi yake. Mdogo wake alizaliwa huko huko, na hawakuwa wamewahi kuonana. Picha ile ndiyo ilikuwa ndugu yake. Hayo niliyajua baadaye. Wakati ule nilijua tu kwamba ni siri, na kwamba siri hiyo nilipewa mimi peke yangu.

Niliinama chini ya kitanda. Nyuma yangu nikasikia kicheko cha Zuhura kinakatika.

"Hadija, si hapo." Halafu, kwa sauti ya chini zaidi, "Hadija, hapo hatuchezi."

Nilivuta kopo, nikafungua, nikainua picha juu.

"Afande! Nimempata! Askari wa adui!"

Wote wakaja mbio. Sudi aliishika picha kwa vidole viwili, macho yamemtoka. Kwa siku zote tulizocheza hatukuwahi kupata kitu kinachofanana na kweli. "Na hii aliyobana kwapani ni nini?"

"Bomu," nilisema.

Zuhura alinitazama. Hakuwa analia. "Ni tarumbeta," alisema polepole, kama mtu anayemkumbusha mwenzake jina lake. "Nilikuambia ni tarumbeta."

Nilimfunga mikono kwa kitambaa cha kijani. Tukatoka naye njiani tukiimba habari za askari na bomu lake, bunduki zikilia, picha nimeishika mimi juu kama bendera. Niseme ukweli: nilikuwa na furaha. Nilikuwa nikingoja alie, na kila alipojizuia nilipaza sauti zaidi.

Nje ya mgahawa wa baba yake Sudi walikaa wanaume wanne wakinywa chai. Mmoja wao alikuwa Responsabule, ndivyo tulivyomwita kiongozi wa seli yetu, yaani mtaa wetu kiserikali, mtu mnene, mcheshi, aliyependa kutania watoto. Alituita.

"Jeshi gani hili? Mmekamata nani?"

"Icyitso!" tukajibu.

Wanaume wakacheka. "Leteni tuone ushahidi."

Nilimpa picha. Aliitazama huku bado anacheka, akaigeuza nyuma. Palikuwa na mwandiko wa kalamu ya bluu, maneno ya kijana kwa dada yake, na jina la mji wa Mbarara. Kicheko kikamtoka usoni kidogo kidogo.

"Huyu ni nani?"

Sudi, kamanda wetu, alitazama chini. Alikuwa mkubwa kuliko sisi na nadhani alikwisha kuhisi jambo. Nilijibu mimi.

"Ni mjomba wake Zuhura. Ni askari. Iko Uganda."

"Una hakika?"

"Ndiyo."

"Mtoto mwerevu," Responsabule akasema, akaagiza niletewe andazi la moto. "Nchi inataka watoto kama huyu." Picha akaitia mfukoni mwa shati.

"Ni ya mama," Zuhura alisema.

Alimpapasa kichwa. "Nitamrudishia mama yako mwenyewe. Nenda nyumbani."

Nilikula andazi lile. Lilikuwa na iliki. Nilipomaliza nikageuka ili nimfungue Zuhura mikono, lakini hakuwa amengoja. Alikuwa anakimbia kuelekea kwao na mikono yake imefungwa mbele, akiyumba, maana mtu hajui kukimbia hivyo.

Walikuja kumchukua baba yake asubuhi iliyofuata, kwa gari la wazi nyuma. Alikuwa ananyoa ndevu uani. Walimtoa na sabuni kwenye shavu moja, shavu la pili limekwisha nyolewa, na mama yake Zuhura akikimbia nyuma ya gari na taulo mkononi kana kwamba tatizo lilikuwa ile sabuni. Mtaa mzima ulitazama kutoka milangoni. Mimi nilikuwa nimejificha chini ya meza ya cherehani.

Jioni baba aliniuliza, macho yake yakiwa kwenye sindano, "Ile picha mliipata wapi?"

"Aliipata Sudi."

Maneno yale yalifika kwa baba yake Sudi kabla ya chakula cha usiku. Sudi alichapwa vibaya, tulimsikia mpaka kwetu. Wala hakunitaja. Nilingoja siku ya kwanza, nikangoja ya pili. Siku ya tatu nikakutana naye bombani akichota maji kwa mkono mmoja, mwingine umevimba. Aliniangalia tu, akasogeza ndoo yake ili nami nipate nafasi.

Nilirudi nyumbani nikamwambia baba yote, mpaka ndala, mpaka andazi.

Hakunipiga. Alizima pasi, akavaa kofia yake, akanishika mkono mpaka kwa mama yake Zuhura. Mama huyo alikuwa anafunga chakula kwenye kitambaa, maana mumewe alikuwa ameshikiliwa pamoja na watu wengi kwenye uwanja wa mpira, na akina mama walikuwa wanapeleka vyakula bila kujua kama vinafika.

"Mwambie," baba alisema.

Nikamwambia. Mama yake Zuhura alisikiliza mpaka mwisho, fundo la kitambaa mkononi.

"Alikuambia ni tarumbeta?" aliniuliza.

"Ndiyo, Mama Zuhura."

"Basi kamwambie na yule mtu hivyo hivyo. Baba Hadija, mpeleke. Nakuomba."

Tulimkuta Responsabule palepale nje ya mgahawa. Baba alimsalimia kwa heshima zote, akavua kofia.

"Bwana, huyu mtoto alikuwa anacheza. Yule kijana kwenye picha si askari, ni mwanafunzi. Alisema uongo wa kitoto."

Responsabule aliniinamia, uso wake karibu na wangu, bado mcheshi. "Hadija, juzi uliniambia huyu ni nani?"

"Askari."

"Nilikulazimisha?"

"Hapana."

"Na leo ni nani?"

"Anapuliza tarumbeta."

Aliwageukia wenzake. "Juzi askari, leo mpiga muziki. Kesho mtasikia amekuwa padri." Wakacheka. Kisha akamtazama baba. "Fundi, picha sinayo tena, imekwenda juu. Kwako walikwisha kupekua, sivyo? Walipekua vizuri?"

Baba alisema asante. Sikuelewa alikuwa anashukuru nini. Njia nzima alinishika mkono, na kiganja chake kilikuwa kimelowa jasho, na hapo ndipo nilipojua kwamba mtu mzima anaweza kuogopa, hata baba.

Baada ya siku ile mama yake Zuhura hakuniruhusu kuingia ndani kwao, lakini hakunifukuza pia. Asubuhi alipotoka na chakula alinikuta nimesimama mlangoni mwetu, na siku moja akanipa kikapu. Nikakibeba mpaka kwenye kona ya barabara kubwa. Tukafanya hivyo miezi mingi, kwanza alipokuwa anakwenda uwanjani, baadaye gerezani. Zuhura alitembea upande wa pili wa njia.

Baba yake alirudi wakati wa mvua za masika. Mtu aliyepita mbele ya kibaraza chetu sikumjua, baba ndiye aliyeinuka ghafla na kuacha mashine ikizunguka. Alikuwa amekonda, na vidole vya mkono wake wa kulia havikunjuki. Hakuendesha lori tena.

Baada ya siku chache aliniita. Alikuwa amekaa uani juani. Sikujua kama mkewe alimwambia, na mpaka leo sijui.

"Hadija, unajua kule ndani nilikuwa mwanamuziki?" alisema. "Kila akija askari mgeni, wenzake wanamwambia, huyu shemeji yake anapuliza bomu. Wananisimamisha. Onyesha anavyopuliza! Napuliza." Akaweka ngumi yake mbovu mdomoni, mashavu yakavimba. "Puu! Puu-puu! Wanacheka mpaka wanashika mbavu. Kesho tena."

Alicheka mwenyewe, nami nikacheka, kwa sababu nilikuwa na miaka kumi na mtu mzima alikuwa anacheka. Mama yake Zuhura aliinuka akaingia jikoni.

"Siku hizi mnacheza nini?" aliniuliza.

"Kuruka kamba."

"Vizuri," akasema. "Kamba ni mchezo mzuri."

Mwaka uliofuata waliuza vyombo wakahamia Bukoba, Tanzania, kwa dada wa baba yake Zuhura. Zuhura hakuniaga.

Mauaji ya mwaka wa tisini na nne mnayajua, na mimi si mtu wa kuyasimulia vizuri. Nitasema jambo moja tu kuhusu Sudi, kwa sababu wengi wangedhani mtoto aliyependa kuwa kamanda alikwenda kusimama kwenye vizuizi vya wauaji. Alikuwa na miaka kumi na mitano. Familia moja ilijificha juu ya dari ya mgahawa wa baba yake kwa wiki nyingi, na ni yeye aliyewapandishia maji. Walipomjia vijana wa kizuizini akawajibu kwa ile sauti ya puani, ya ofisa, wakaondoka. Yuko hai, ana watoto wakubwa.

Zuhura nilimwona tena tukiwa watu wazima, kwenye harusi, hapa hapa Kigali. Wazazi wake walikuwa wamezikwa Bukoba, wote kwa maradhi ya kawaida. Tulikaa nje ya hema, yeye na soda yake, mimi na yangu, tukazungumza habari za watoto wetu. Kisha akasema, akiangalia wacheza ngoma:

"Baba alikuwa na neno lake. Alisema, asingefungwa, asingekubali kuondoka. Mwaka ule tungekuwa hapa, na mama na kile kitambulisho chake kilichoandikwa Mtutsi. Kwa hiyo ukifikiria vizuri, wewe Hadija ulituokoa."

Nilijua ananipa zawadi, tena alikuwa ameibeba miaka mingi akitafuta nafasi ya kunipa. Nilijaribu kuipokea. Sikuweza.

"Zuhura, nilijua si askari."

"Najua ulijua," akasema. "Nilikuwepo." Akanywa soda yake. Baada ya muda akanishika mkono, tukaendelea kutazama ngoma, na hatujalirudia jambo hilo ingawa sasa tunatembeleana sikukuu zote.

Watu husema mtoto hajui vita, anaiga tu. Nilijificha ndani ya maneno hayo muda mrefu, na kwa sehemu ni kweli: sikujua gereza ni nini, wala kwamba picha inaweza kwenda juu isirudi. Lakini nilijua siri ni siri, na nilijua natoboa nini. Mchezo haukunipa chuki, ulinipa ruhusa tu. Hasira yangu ilikuwa ya miguu mipana, ya kitoto kabisa, hasira ambayo mwaka mwingine wowote ingekwisha kabla ya Ijumaa na sisi wawili tungekuwa tunagawana muwa ukutani. Mwaka ule iliwakuta watu wazima wamekaa wanaingoja, na gari lao limekwisha washwa.